Barua ya wazi kutoka Litapunga: mtoto wa Katavi afundishwe Afrika kuanzia Katavi

Kwa:
Waziri wa Elimu, Sayansi na Teknolojia;
Mkurugenzi Mkuu, Taasisi ya Elimu Tanzania;
Katibu Mtendaji, Baraza la Mitihani la Tanzania;
Mkuu wa Mkoa wa Katavi;
Mkurugenzi Mtendaji, Halmashauri ya Wilaya ya Nsimbo.

YAH: UFUNDISHAJI WA JIOGRAFIA NA HISTORIA YA SIASA ZA AFRIKA KATIKA SHULE ZA MKOA WA KATAVI

Waheshimiwa,

Husikeni na kichwa cha habari hapo juu.

Mimi ni mzazi na mkulima wa Litapunga, kata iliyo katika Halmashauri ya Wilaya ya Nsimbo, jirani na Katumba. Ninachoomba nakisema mapema, ili hata asiyepata nafasi ya kuisoma barua yote aondoke nacho: mtoto wa Katavi afundishwe Afrika kwa kuanzia Katavi, na aelezwe sababu za mambo badala ya kukaririshwa orodha. Na katika hayo, habari za Burundi za mwaka 1972 ziingie darasani waziwazi, kwa kiwango cha umri wa mtoto, kwa kuwa bila hizo watoto wengi wa huku hawana namna ya kueleza wao ni nani na wazee wao walifikaje hapa.

Niwaeleze hali ilivyo. Katika shule moja ya msingi huku kwetu kuna ramani ya Afrika ukutani, imechanika kwenye mikunjo na kuungwa kwa gundi ya karatasi. Kwenye ramani hiyo Sudan bado ni nchi moja, ingawa Sudan Kusini ilijitenga tarehe 9 Julai 2011. Eswatini bado imeandikwa Swaziland, jina lililoachwa mwaka 2018. Mwalimu akigusa nchi kwa kijiti, darasa zima linaitikia: Uganda, Kampala! Zambia, Lusaka! Burundi, Bujumbura! Sauti hutoka madirishani hadi barabarani, na mpita njia akadhani somo limeiva. Kumbe Burundi ilitangaza Gitega kuwa makao makuu ya kisiasa tangu mwisho wa mwaka 2018, na Bujumbura ikabaki mji wa biashara. Jibu la watoto limepitwa na wakati, na kulirekebisha ni kazi ya dakika moja. Kinachonisikitisha zaidi ni kwamba baada ya jibu hilo hakuna swali la pili. Hakuna anayeuliza Burundi iko umbali gani na sisi, ilikuwaje ikawa nchi mbali na yetu, wala kwa nini bibi wa mtoto aliyekaa dawati la mbele anazungumza Kirundi.

Simlaumu mwalimu. Ana darasa lililofurika, ana azimio la kazi la kukamilisha, na mtihani unaomsubiri mwisho wa safari kwa sehemu kubwa unamtaka mtoto achague herufi ya jibu. Mwalimu hufundisha kinachotahiniwa, na ndiyo maana barua hii nimeielekeza kwenu ninyi mnaopanga mtaala, mitihani na fedha.

Nakiri pia kwamba mmepiga hatua. Sera ya Elimu na Mafunzo ya mwaka 2014, toleo la 2023, imeleta mtaala mpya ulioanza kutumika Januari 2024. Sasa watoto wana somo la Historia ya Tanzania na Maadili, na wana Jiografia na Mazingira. Wengi wetu tulifurahi. Lakini historia ya Tanzania haikuanza wala haiishii mpakani, na hakuna mahali panapolionyesha hilo vizuri kama mkoa wetu. Naomba niwatajie mambo machache yaliyo jirani na mtoto wa Litapunga, mpime wenyewe kama kuna haja ya kumtafutia mifano ya mbali.

Nianze na maji. Kaskazini mwa mkoa wetu kuna mto Ugalla. Maji yake huingia mto Malagarasi, Malagarasi huyamwaga Ziwa Tanganyika, na ziwa hilo lina mlango mmoja tu wa kutokea, mto Lukuga, upande wa Kongo karibu na mji wa Kalemie. Lukuga huyapeleka maji hayo mto Lualaba, ambao ndio unaoendelea kuwa mto Kongo, na Kongo huishia Bahari ya Atlantiki. Yaani mvua iliyonyesha Ugalla, kwa njia ya mito, inaelekea bahari ya magharibi, wakati sisi wote tumezoea kuitazama Dar es Salaam tunapotaja bahari. Mto Katuma nao, unaopita Sitalike na Hifadhi ya Taifa ya Katavi, huenda Ziwa Rukwa, ziwa lisilo na mto wa kutokea. Katika mkoa mmoja mtoto anaweza kuona maji yanayokwenda baharini na maji yasiyofika baharini kamwe. Akishalijua hilo, ataelewa kwa nini nchi nne, Tanzania, Kongo, Burundi na Zambia, zinalazimika kukaa meza moja kuzungumzia Ziwa Tanganyika, lenye kina cha takriban mita 1,470, la pili kwa kina duniani baada ya Baikal la Urusi. Hapo jiografia imekwisha kuwa siasa, na mtoto hajatoka Katavi.

Twende Karema, kwenye ufuko wa ziwa hilo, wilayani Tanganyika. Mwaka 1879 watu waliotumwa na Jumuiya ya Kimataifa ya Afrika, chombo cha Mfalme Leopold wa Pili wa Ubelgiji, walijenga kituo pale. Leopold alitaka njia ya kuingilia katikati ya bara kutokea upande wa mashariki. Ukafika Mkutano wa Berlin wa mwaka 1884 na 1885, na mataifa ya Ulaya yakaanza kugawana maeneo. Leopold akaishia kuchukua Kongo ng'ambo ya ziwa, upande huu ukawa wa Wajerumani, na kituo cha Karema kikakabidhiwa kwa wamisionari wa White Fathers mwaka 1885. Vitabu vinaueleza Mkutano wa Berlin kama jambo la mbali, lililofanyika kwenye ukumbi wenye meza ndefu na wazungu wenye ndevu. Mtoto wa Katavi angeweza kuambiwa kwamba matokeo ya mkutano ule yalifika mpaka Karema, na kwamba watu wa ng'ambo wanaoonekana kwenye mitumbwi ya samaki ni Wakongomani kwa sababu ya mgawanyo uleule.

Kutoka hapo swali linalofuata linajileta lenyewe: kwa nini baada ya uhuru mipaka hiyo haikufutwa? Umoja wa Nchi Huru za Afrika ulianzishwa Addis Ababa tarehe 25 Mei 1963, na mwaka uliofuata, katika mkutano wa wakuu wa nchi mjini Cairo, Mwalimu Nyerere ndiye aliyewasilisha hoja ya kuiheshimu mipaka iliyorithiwa, ili nchi changa zisianze uhuru wao kwa kupigana. Hoja ikapita. Ni uamuzi unaojadiliwa hadi leo, na wanafunzi wa sekondari wanafaa kuujadili: ulituokoa na nini, na ulituachia nini?

Karema hiyohiyo ina kaburi la mtu ambaye habari zake peke yake ni somo zima la Afrika. Adrian Atiman alizaliwa katika nchi tunayoiita leo Mali, karibu na Timbuktu. Alitekwa akiwa mtoto, akapitishwa Jangwa la Sahara kama mtumwa, akakombolewa na wamisionari huko Algeria, akasomea utabibu Malta, na mwaka 1889 akafika Karema. Alitibu watu wa huku, akaoa huku, akazeekea huku, akafariki mwaka 1956. Kwa maisha ya mtu huyu mmoja unaweza kufundisha biashara ya utumwa ya Sahara, Sahel, Afrika ya Kaskazini, Bahari ya Kati na Ziwa Tanganyika, na mtoto asisahau. Lakini waulizeni vijana wa kidato cha nne hapa Mpanda kama wamewahi kulisikia jina lake.

Reli yetu nayo ina lake la kusema. Madini ya risasi yaligunduliwa Mpanda mwaka 1934, na baada ya Vita Kuu ya Pili Waingereza wakajenga tawi la reli kutoka Kaliua hadi Mpanda, kama kilomita 210, ili kuyasafirisha. Mgodi ulifungwa mwaka 1960, reli ikabaki. Sehemu kubwa ya Afrika ilijengewa reli za namna hii, zinazotoka kwenye madini kwenda bandarini bila kuunganisha miji ya wenyeji, na hadi leo biashara kati ya nchi na nchi inateseka kwa sababu hiyo. Mtoto anayepanda treni ya Tabora amekalia jibu la swali ambalo wachumi wanaliandikia vitabu.

Na ilikuwa jirani na reli hiyo ndipo, kuanzia mwaka 1973, Serikali ya Tanzania ilipowapa ardhi Warundi waliokimbia nchi yao. Hapa ndipo kiini cha barua yangu.

Burundi na Tanganyika zilikuwa koloni moja. Hadi mwaka 1916 Mpanda na Gitega zote zilikuwa ndani ya Afrika Mashariki ya Kijerumani. Katika Vita Kuu ya Kwanza majeshi ya Wabelgiji yaliingia kutoka Kongo, yakachukua Rwanda, Burundi, Kigoma na hata Tabora. Vita vilipokwisha Uingereza ikapewa Tanganyika, Ubelgiji ikapewa Ruanda-Urundi. Utawala wa Kibelgiji ulizikazia tofauti za Wahutu na Watutsi, ukazifanya kigezo cha nani apewe elimu na madaraka. Mwanamfalme Louis Rwagasore, aliyeongoza chama cha UPRONA na kutaka Warundi wote wawe kitu kimoja, alishinda uchaguzi Septemba 1961 na kuuawa kwa risasi tarehe 13 Oktoba mwaka huohuo. Burundi ikapata uhuru tarehe 1 Julai 1962 bila yeye. Mwaka 1966 Michel Micombero aliuondoa ufalme na kujitangaza rais.

Tarehe 29 Aprili 1972 uasi ulizuka kusini mwa Burundi, maeneo ya kando ya ziwa, na waasi wakaua Watutsi wengi. Serikali ya Micombero ikajibu kwa kuwaua Wahutu nchi nzima, hasa waliosoma: walimu, wanafunzi, watumishi wa serikali, wafanyabiashara. Makadirio ya waliouawa ni kati ya watu 100,000 na 300,000. Waliosalimika walikimbilia Rwanda, Kongo na kwetu. Tanzania iliwaweka Ulyankulu, Katumba na baadaye Mishamo. Walikuta pori, wakalifyeka. Baada ya miaka michache walikuwa wakijilisha wenyewe na kuuza mahindi, maharage na tumbaku. Wahenga walisema mgeni njoo mwenyeji apone, na huku Mpanda tuliona usemi huo ukitimia kwa magunia.

Mwaka 2007 Tanzania, Burundi na Shirika la Umoja wa Mataifa la Kuhudumia Wakimbizi walikubaliana kuwapa watu hawa nafasi ya kuchagua. Takriban wanne kati ya kila watano walichagua kuwa Watanzania, waliobaki wakachagua kurudi. Zaidi ya watu 162,000 wakakubaliwa uraia wa tajnisi, na vyeti vikaanza kutolewa mwaka 2014. Ni nchi chache sana duniani zilizowahi kuwapa wakimbizi wengi kiasi hicho uraia kwa mpigo, na yetu ni mojawapo.

Sasa tazameni kinachotokea nyumbani. Mzee jirani yangu anakihifadhi cheti chake ndani ya mfuko wa nailoni, umefungwa kwenye kipande cha kanga na kuwekwa chini ya sanduku la nguo. Mjukuu wake wa darasa la tano, kwa kuwa amejua kusoma, alikisoma siku kilipotolewa kwa ajili ya shughuli za serikali ya kijiji. Akauliza: "Babu, mbona umekuwa Mtanzania juzi wakati una mvi?" Mzee alinyamaza kidogo, kisha akasema, "Utafundishwa shuleni." Mtoto yule yumo shuleni bado. Akitaniwa uwanjani kuwa ni Mrundi, anajibu kwa ngumi, kwa sababu maneno ya kujibu hakupewa.

Najua hofu iliyopo, na ninaiheshimu. Wapo watakaosema kwamba kufundisha mambo ya 1972 ni kutonesha vidonda na kuleta ukabila wa Kirundi katika nchi iliyofanya kazi kubwa ya kuukataa ukabila. Naomba kujibu kwa mambo mawili. La kwanza, habari hizi zinasimuliwa tayari. Zinasimuliwa usiku, kwenye misiba, kila ukoo kwa upande wake na kwa majina yake ya kulaumu. Shule ndiyo mahali pekee ambapo mtoto angezisikia zikiwa na pande zote: Watutsi waliouawa na waasi, Wahutu waliouawa na serikali, wakoloni waliopanda mbegu, na majirani waliofungua mlango. La pili, Burundi wenyewe hawafichi tena. Tume yao ya Ukweli na Maridhiano ilifukua makaburi ya halaiki katika mkoa wa Karusi mwaka 2020 na kukuta mabaki ya zaidi ya watu 6,000, na mwishoni mwa 2021 ikatamka kuwa yaliyotendeka 1972 yalikuwa mauaji ya kimbari. Kama wenye msiba wanauzungumzia hadharani, sisi wa Katavi tunamficha nani?

Zaidi ya hayo, somo hili lina mwisho wenye heshima kwa nchi yetu. Baada ya Rais Melchior Ndadaye kuuawa Oktoba 1993 na Burundi kuingia tena vitani, usuluhishi uliongozwa na Mwalimu Nyerere hadi alipofariki tarehe 14 Oktoba 1999, kisha Nelson Mandela akaupokea, na makubaliano yakasainiwa Arusha tarehe 28 Agosti 2000. Leo Burundi na Tanzania wamo pamoja katika Jumuiya ya Afrika Mashariki. Mtoto akiupata mnyororo huu mzima, ataelewa kwamba kuishi kwa amani na jirani ni kazi inayofanywa na watu kwa uamuzi wao, na yeye ni mmoja wa warithi wa kazi hiyo.

Kwa hiyo naomba yafuatayo.

Kwanza, Taasisi ya Elimu Tanzania ishirikiane na walimu wa mkoa huu kuandaa kitabu cha ziada cha historia na jiografia ya Katavi ndani ya Afrika, kipewe ithibati, na kitumike katika shule za msingi na sekondari. Kisiwe kinene. Kurasa 80 zenye ramani nzuri zinatosha. Mikoa mingine nayo ipate vyake: Kagera wana vita vya 1978, Mtwara na Ruvuma wana harakati za ukombozi wa Msumbiji.

Pili, Baraza la Mitihani litenge nafasi ya maswali yanayouliza sababu na kumtaka mtoto aandike sentensi zake mwenyewe, walau mawili katika kila mtihani. Mkibadili swali, mwalimu wa Litapunga atabadili somo wiki inayofuata, bila waraka wala semina.

Tatu, Mkoa na Halmashauri zishirikiane na Idara ya Kumbukumbu na Nyaraka za Taifa kurekodi sauti za wazee wa Katumba, Mishamo na vijiji vya Wakonongo, Wabende na Wapimbwe waliowapokea. Simu ya kawaida inarekodi. Vijana waliomaliza kidato cha sita na wanasubiri chuo wanaweza kuifanya kazi hiyo kwa posho ndogo.

Nne, kila shule ya Nsimbo ipate ramani moja ya Afrika iliyo sahihi kwa leo, yenye nchi 54 wanachama wa Umoja wa Mataifa, na mwalimu aelekezwe namna ya kueleza suala la Sahara Magharibi, ambayo Umoja wa Afrika unaihesabu kuwa mwanachama wa 55. Gharama ya ramani moja haizidi uwezo wa ruzuku ya uendeshaji wa shule.

Tano, mafunzo endelevu ya walimu kazini yawe na vipindi vya namna ya kufundisha historia yenye machungu. Mwalimu aliyepangiwa kituo huku kutoka Kilimanjaro au Lindi anakuta darasa ambalo nusu ya watoto wana historia asiyoijua. Asiachwe peke yake.

Waheshimiwa, mengine kati ya haya yanahitaji bajeti na vikao, na sisi tutasubiri kama wananchi wanavyosubiri. Ombi la tatu lisisubiri. Waliovuka mpaka mwaka 1972 wakiwa watu wazima sasa wako katika miaka ya 70 na kuendelea, na kila msimu wa mvua tunazika baadhi yao. Naomba mwaka huu wa fedha usiishe kabla kazi ya kuwarekodi haijaanza, na naomba majibu yenu kwa maandishi kupitia ofisi ya mtendaji wa kata, ili yasomwe mbele ya wazazi wote kwenye mkutano wa shule.

Wenu katika ujenzi wa taifa,

Mzazi,
Litapunga, Nsimbo, Katavi.